Somo la Hesabu: Mkono Mmoja Usihesabiwe Mara Mbili

Katika masomo yaliyopita tulijifunza kujumlisha, kutoa, kuzidisha na kugawanya. Leo tutajifunza kuhesabu watu waliomo katika makundi yanayoingiliana. Ni hesabu ndogo, na kila anayejua kujumlisha na kutoa ataiweza. Lakini imewakosesha wengi, hata waliosoma sana. Tena ikikosewa, kuna mtu anayekosa maji, au chandarua, au kiwanja.

Basi chukua daftari na kalamu. Kama kalamu imekwisha wino, chukua kijiti ukae mahali penye mchanga.

MKUTANO WA MAJI

Tuseme upo mtaa mmoja hapa Bunju wenye kaya 120. Mtaa huu na hesabu zake tumezitunga kwa ajili ya somo, lakini mambo yake mtayatambua. Bomba kubwa linaloleta maji kutoka mtambo wa Ruvu Chini, huko Bagamoyo, hupita upande huu kwenda mjini. Lakini kupitiwa na bomba siyo kupata maji. Wapo waliovuta maji mpaka nyumbani, wapo wenye visima, na wapo wanaonunua madumu kwa vijana wa matoroli.

Siku hiyo uliitishwa mkutano chini ya mwembe. Kila kaya ilileta mtu mmoja. Mwenyekiti alitaka kujua kama mtaa unahitaji kioski cha maji. Katibu alikuwa tayari na daftari lake.

"Wenye bomba nyumbani, mikono juu!" Katibu akahesabu 72.

"Haya, shusheni. Wenye kisima, mikono juu!" Katibu akahesabu 48.

Katibu akajumlisha: 72 + 48 = 120. Mwenyekiti akafurahi sana. Akasema, "Ndugu wananchi, kaya zetu ni 120, na wenye maji ni 120. Kwa hiyo hakuna asiye na maji. Kioski cha nini tena? Tuendelee na jambo la pili."

Hapo akasimama bibi mmoja aliyekuwa amekaa nyuma. "Mwanangu mwenyekiti, shikamoo siwezi kukupa, maana wewe ni mtoto kwangu. Lakini nakuuliza. Mimi mkono sikunyoosha hata mara moja. Bomba sina, kisima sina. Katika hizo kaya 120, mimi ni kaya ya ngapi?"

Watu wakacheka. Mwenyekiti hakucheka. Akamtazama katibu, na katibu akatazama daftari.

KOSA LIKO WAPI?

Ndugu msomaji, kosa siyo la kujumlisha. 72 na 48 ni 120, hata ukirudia mara kumi. Kosa ni kwamba wapo walionyoosha mkono mara mbili. Hao wana bomba, na kwa kuwa maji ya bomba siku nyingine hayatoki, wana kisima pia. Wala hawakudanganya. Waliulizwa maswali mawili, wakajibu yote mawili kwa ukweli. Ila katibu aliwaandika kama kaya mbili.

Katibu, kwa kuwa ni mtu msikivu, akauliza swali la tatu: "Wenye vyote viwili, bomba na kisima, mikono juu!" Ikanyooshwa mikono 19.

Swali hili la tatu ndilo ufunguo wa somo letu. Bila hilo, yale mawili ya kwanza hayatoshi.

KAMBA MBILI NA PUNJE ZA MAHINDI

Tafuta kamba mbili na punje 120 za mahindi. Kila punje ni kaya moja. Tandaza kamba ya kwanza chini iwe duara. Hilo ni duara la bomba. Tandaza ya pili iwe duara la kisima, lakini ilalie kidogo ile ya kwanza, ili katikati pawe na sehemu iliyomo ndani ya kamba zote mbili.

Sasa una sehemu nne za kuweka punje:

1. Katikati: wenye vyote viwili.
2. Ndani ya duara la bomba, nje ya katikati: wenye bomba tu.
3. Ndani ya duara la kisima, nje ya katikati: wenye kisima tu.
4. Nje ya kamba zote mbili: wasio na chochote.

Punje moja haiwezi kukaa mahali pawili. Hiyo ndiyo faida ya kamba na punje: zinatukataza kumhesabu mtu mara mbili.

Tuanzie wapi? ANZA KATIKATI. Hii ni kanuni ya kukariri.

Katikati: weka punje 19.

Bomba tu: wenye bomba wote ni 72, nao 19 wamekwisha wekwa katikati. 72 - 19 = 53.

Kisima tu: 48 - 19 = 29.

Walio ndani ya kamba: 53 + 19 + 29 = 101.

Nje: 120 - 101 = 19.

Kumbe! Kaya 19 hazina bomba wala kisima. Bibi yule ni mmoja wao, na nyuma yake zipo kaya nyingine 18 ambazo hazikusimama kusema.

Tazama tena: wenye vyote viwili ni 19, na wasio na chochote ni 19. Siyo bahati. Jumla ya mikono ilipolingana na jumla ya kaya, kila kaya iliyohesabiwa mara mbili iliificha kaya moja ambayo haikuhesabiwa kabisa. Kwa ajili hiyo, hesabu inapokuja imelingana sawasawa, usikimbilie kupiga makofi. Uliza kwanza: je, hakuna aliyenyoosha mkono mara mbili?

Tena hesabu hii inatusaidia kupanga. Tuseme kila kaya isiyo na maji hutumia ndoo 6 za lita 20 kwa siku. Hiyo ni lita 120 kwa kaya. Kaya 19 × lita 120 = lita 2,280. Kioski chenye tangi la lita 2,000 linalojazwa mara moja kwa siku hakitatosha. Si mnaona? Mkutano ulianza kwa kusema kioski hakihitajiki. Sasa tunajua kinahitajika, na tunajua ukubwa wa tangi lake.

NJIA YA MKATO

Ukishazoea punje, unaweza kufanya kwa kalamu:

Kundi la kwanza + kundi la pili - walio katika yote mawili = walio ndani.

72 + 48 - 19 = 101.

Kwa nini tunatoa 19? Kwa sababu wamehesabiwa mara mbili. Tunawatoa mara moja, wabaki wamehesabiwa mara moja. Hatuwafukuzi; tunawaweka mahali pao.

MANENO MADOGO YENYE UZITO

Wengi hukosa hesabu hizi kwa sababu ya kusoma haraka, siyo kwa sababu ya namba. Shika maneno haya:

TU. "Kaya 72 zina bomba" siyo sawa na "kaya 72 zina bomba tu". Ya kwanza inachukua duara zima, pamoja na katikati. Ya pili inachukua upande mmoja, katikati haimo.

NA. "Bomba na kisima" maana yake ni katikati peke yake.

AU. Katika hesabu hizi, "bomba au kisima" maana yake ni mwenye kimoja, au kingine, au vyote viwili. Ni wote walio ndani ya kamba. Nyumbani ukimwambia mtoto "chukua embe au papai", ataelewa achukue moja. Kwenye hesabu siyo hivyo.

ANGALAU KIMOJA. Ni sawa na "au". Wote walio ndani.

WALA. "Hana bomba wala kisima" maana yake ni nje ya kamba.

Unapopewa swali, pigia mstari maneno haya kabla ya kugusa namba.

MFANO WA PILI: KATIKATI HAPAJULIKANI

Wazee wetu watakumbuka kampeni ya Mtu ni Afya ya mwaka 1973. Watu wapatao milioni 2 walikaa katika vikundi nchini kote, wakasikiliza redio, wakasoma vitabu vyao, kisha wakaenda kuchimba vyoo na kufyeka majani kuzunguka nyumba. Kazi kama hiyo huanza kwa kuhesabu nani anacho na nani hana.

Tuseme leo kikundi kimetembelea kaya 64. Zenye choo ni 45. Zenye vyandarua ni 39. Zisizo na choo wala chandarua ni 7. Je, zenye vyote viwili ni ngapi?

Hapa hatuwezi kuanza katikati, maana katikati ndiko tunakokutafuta. Tunaanzia nje.

Walio ndani ya kamba: 64 - 7 = 57.

Ukijumlisha makundi: 45 + 39 = 84.

Lakini kaya za ndani ni 57 tu. Hizo zilizozidi zimetoka wapi? Ni zile zilizohesabiwa mara mbili. 84 - 57 = 27. Basi zenye vyote viwili ni 27.

Tumalize: choo tu ni 45 - 27 = 18. Chandarua tu ni 39 - 27 = 12.

Jihakikishie: 18 + 27 + 12 + 7 = 64. Imetimia. Siku zote jumlisha sehemu zote nne. Zisipotimia, rudi nyuma ukatafute kosa kabla ya kumpelekea mtu mwingine taarifa.

Sasa kikundi kinajua kazi yake. Kaya 18 zinahitaji vyandarua tu. Kaya 12 zinahitaji choo tu. Kaya 7 zinahitaji vyote viwili, na hizo ndizo za kuanzia.

MFANO WA TATU: MAKUNDI MATATU

Kikundi cha akiba na mikopo kina wanachama 50. Wanaolima mchicha ni 27. Wanaofuga kuku ni 24. Wanaolima mihogo ni 20. Mchicha na kuku ni 11. Kuku na mihogo ni 8. Mchicha na mihogo ni 9. Wanaofanya yote matatu ni 4. Waliobaki hawana kazi hata moja kati ya hizi. Ni wangapi?

Chukua kamba tatu. Kila kamba iguse nyingine, na katikati kabisa pawe na sehemu iliyomo ndani ya zote tatu. Kanuni ni ile ile: anza katikati, toka nje polepole.

Katikati kabisa: 4.

Wale 11 wa mchicha na kuku, ndani yao wamo hao 4 wa yote matatu. Kwa hiyo mchicha na kuku bila mihogo: 11 - 4 = 7.

Kuku na mihogo bila mchicha: 8 - 4 = 4.

Mchicha na mihogo bila kuku: 9 - 4 = 5.

Mchicha tu: 27 - 4 - 7 - 5 = 11.

Kuku tu: 24 - 4 - 7 - 4 = 9.

Mihogo tu: 20 - 4 - 4 - 5 = 7.

Jumla: 4 + 7 + 4 + 5 + 11 + 9 + 7 = 47. Basi 50 - 47 = 3. Wanachama 3 hawana hata kazi moja kati ya hizi. Kikundi kitafute namna ya kuwasaidia hao kabla ya kudai marejesho yao.

Njia ya mkato ipo, lakini ina mtego. 27 + 24 + 20 = 71. Toa 11, toa 8, toa 9, inabaki 43. Ukiishia hapo umekosa. Mtu anayefanya yote matatu ulimhesabu mara tatu, kisha ukamtoa mara tatu. Umemfuta kabisa katika daftari! Na huyo pengine ndiye mwenye bidii kuliko wote. Basi mrudishe: 43 + 4 = 47. Sasa ni sawa.

UKIKOSA NAMBA YA KATIKATI NA YA NJE

Pengine utaletewa taarifa pungufu. Kwa mfano: "Kati ya kaya 100, zenye simu ni 80 na zenye redio ni 65." Wenye vyote viwili hawakuulizwa. Je, tutupe taarifa hiyo? Hapana. Iko kweli fulani ndani yake.

80 + 65 = 145. Kaya ni 100. Kwa hiyo kaya zisizopungua 45 lazima zina vyote viwili, maana hazina pengine pa kukaa. Na haziwezi kuzidi 65, maana wenye redio wote ni 65. Basi jibu liko kati ya 45 na 65. Wasio na chochote wako kati ya 0 na 20. Kama mtu atakuambia kwa uhakika kwamba ni 50, muulize ameipata wapi.

MAMBO HAYA SIYO YA DAFTARI TU

Waliosoma sekondari hukuta duara hizi zikiitwa michoro ya Venn, kwa jina la Mwingereza John Venn, aliyeishi kuanzia 1834 hadi 1923. Aliieleza mwaka 1880. Kabla yake Mswisi Leonhard Euler alikwisha kutumia duara kupanga mawazo. Lakini haja ya kutohesabu mara mbili haikuanza nao. Kila aliyewahi kugawa nyama ya shughuli anaijua.

Fikirini Sensa ya Watu na Makazi ya mwaka 2022. Makarani walipofika nyumbani waliuliza nani alilala katika kaya usiku wa kuamkia tarehe 23 Agosti. Kwa nini usiku huo? Kwa sababu mtu anaweza kuwa na nyumba Bunju na shamba Bagamoyo, na kote kuwili wakasema "huyu ni wetu". Lakini usiku mmoja halali mahali pawili. Usiku ule ulifanya kazi ya punje yetu: mtu mmoja, mahali pamoja. Ndivyo ilivyopatikana hesabu ya watu 61,741,120 kwa nchi nzima.

Fikirini pia jirani zetu wa Mabwepande. Mwezi wa Desemba 2011 mvua kubwa ilileta mafuriko Dar es Salaam, na watu wapatao 40 walipoteza maisha. Mwaka 2012 familia nyingi kutoka mabondeni zililetwa Mabwepande, zikaanza kwa kuishi katika mahema. Hatusemi hesabu za wakati ule zilikosewa. Tunasema kazi ya namna hiyo, popote, inahitaji orodha zaidi ya moja: waliopoteza nyumba, waliokuwa wapangaji, waliolala kambini. Mtu mmoja anaweza kuwamo katika orodha mbili bila kosa lake. Na mwingine, ambaye siku ya kuandikwa alikuwa hospitali akimwuguza mtoto, asiwemo katika hata moja. Mwenye kujumlisha orodha bila kuuliza la katikati ataona hesabu imetimia. Hema litakuwa limepungua moja, na hatajua kwa nini.

Kwa hiyo, ndugu msomaji, unapokuwa katibu wa mtaa, wa kikundi, wa msiba au wa kamati ya shule, uliza maswali manne, siyo mawili: Nani ana hiki? Nani ana kile? Nani ana vyote? Nani hana chochote? Swali la nne liulize kwa sauti, lakini wahesabu bila kuwaaibisha. Wengine huona haya kunyoosha mkono kwa jambo wasilonalo. Hao wafuate nyumbani.

ZOEZI

1. Darasa la watu wazima lina wanafunzi 40. Wanaojua kushona ni 26. Wanaojua kuoka mikate ni 19. Wanaojua vyote viwili ni 8. Wasiojua hata kimoja ni wangapi?

2. Kati ya kaya 90, zinazofuga kuku ni 58, zinazofuga mbuzi ni 41, na zisizofuga kuku wala mbuzi ni 6. Zinazofuga vyote viwili ni ngapi?

3. Kati ya kaya 75, zinazopikia mkaa tu ni 34, zinazopikia gesi tu ni 21, na zinazotumia vyote viwili ni 12. (a) Zinazotumia mkaa ni ngapi? (b) Zinazotumia gesi ni ngapi? (c) Zisizotumia mkaa wala gesi ni ngapi?

4. Katibu ameandika: "Watu waliohojiwa ni 60. Wenye baiskeli ni 35. Wenye toroli ni 30. Wenye baiskeli na toroli ni 32." Je, taarifa hii inawezekana? Eleza kwa nini.

5. Fanya mwenyewe: tembelea kaya 20 za jirani zako. Uliza mambo mawili yanayohusu afya au maji. Chora duara mbili, ujaze sehemu zote nne, ukazioneshe kwa wenzako.

MAJIBU (usitazame kabla ya kujaribu)

1. 26 + 19 - 8 = 37. 40 - 37 = 3.

2. 90 - 6 = 84. 58 + 41 = 99. 99 - 84 = 15.

3. (a) 34 + 12 = 46. (b) 21 + 12 = 33. (c) 34 + 21 + 12 = 67; 75 - 67 = 8. Kama ulitoa 12 badala ya kuongeza, rudi usome tena juu ya neno TU.

4. Haiwezekani. Wenye toroli wote ni 30. Wenye baiskeli na toroli hawawezi kuwa 32, maana kila mmoja wao ni lazima awe kati ya hao 30. Katibu arudi akahesabu upya.

5. Jibu unalo wewe. Kama kuna punje iliyobaki nje ya kamba, usiifagie. Andika ni nyumba ya nani, uipeleke mkutanoni.